Hata Mpishi Yumo: Maisha ya Clementi Makoye Maige (1976–2025)

Mchungaji, wazee, majirani wa Kunzugu, na ninyi mliotoka Musoma, Butiama na Suguti kuja kutusitiri, poleni na safari na poleni na msiba. Anayewasomea maisha ya marehemu ni dada yake mkubwa, Mbuke Makoye, mwenye kibanda cha vitenge pale soko la Bunda. Wengi mnamjua kwa mdomo wake, na leo hakuuacha nyumbani. Kijitabu mlichogawiwa asubuhi kina wasifu uliopunguzwa, na aliyeupunguza si Mbuke. Basi kifungeni, jipepeeni nacho maana jua limewaka, halafu sikilizeni.

Clementi alizaliwa Jumamosi tarehe 14 Agosti 1976 hapa hapa Kunzugu, wilayani Bunda. Alikuwa mtoto wa pili kati ya watatu wa marehemu Mzee Makoye Maige, mkulima wa pamba na mfugaji, na mama Kabula, ambaye yuko nasi hapa mbele. Ilikuwa msimu wa kuuza pamba na nyumba ilijaa magunia. Mama alimlaza juu ya gunia kwa sababu ndilo lililokuwa laini kuliko kitanda. Mzee Makoye alipotaka kulipeleka kwenye mizani, mtoto alikuwa usingizini, na mzee akakataa kumwamsha. Gunia lile liliuzwa siku ya pili, na mpaka anakufa mzee alikuwa akimtania kwamba alimchelewesha soko.

Alisoma shule ya msingi hapa Kunzugu kuanzia mwaka 1984 hadi 1990, kisha sekondari Musoma mjini kuanzia 1991 hadi 1994. Darasani alikuwa wa kawaida tu, tusidanganyane. Kipaji chake kilionekana kwenye umbeya. Akitumwa mnadani, akirudi, watu wazima walikuwa wanaacha kazi zao wamsikilize. Hakuanzaga na mwanzo. Anaingia, anakaa, anasema, "Ng'ombe amerudi kwa mwenyewe." Kila mtu anakodoa macho. "Sasa ngojeni niwaambie aliibwaje." Mama Kabula alikuwa akisema mtoto huyu ama atakuwa wakili ama atakuwa mwongo, na hakuwa chochote kati ya hivyo viwili.

Mzee Makoye alifariki mwaka 1995. Stanslaus, kitinda mimba, alikuwa na miaka tisa. Clementi, kijana wa miaka kumi na tisa, ndiye aliyembeba mgongoni kutoka makaburini siku ile, na tangu hapo hakumtua. Alimsomesha, alimvisha, alilala naye kitanda kimoja. Lishikeni hilo, maana mbele litahitajika.

Mwaka 1996 Clementi aliajiriwa kwenye kibanda cha video cha Mzee Elias, Bunda stendi. Kazi yake ilikuwa kubadilisha kaseti na kufukuza walioingia bila kulipa. Siku hizo deki zilikuwa zinakula kaseti kama mbuzi anavyokula kanga. Utepe ukikwama na kuchanika, wenzake walikuwa wanatupa kaseti nzima. Clementi aliifungua kwa bisibisi, akakata kipande kilichokunjika, akaunga ncha mbili kwa selotepu na kufunga. Watazamaji wakaona shujaa yuko mlangoni, mara yuko juu ya farasi. Wakapiga miluzi. Yeye akabaki anajiuliza mbona hakuna aliyelalamika kwamba hawajamwona akipanda. Alimwambia Mbuke jioni ile, "Dada, kumbe mtu akiona mlango na farasi, katikati anajazaga mwenyewe." Ndiyo hivyo alivyoingia kwenye kazi ya kuhariri, bila cheti na bila mwalimu.

Mwaka 2003 alifungua studio yake Musoma, mtaa wa Mukendo, chumba kimoja chenye kompyuta mbili na feni bovu. Alihariri kila kitu ambacho kamera inaweza kupiga. Harusi, sendofu, kipaimara, misiba. Kwaya za Musoma zilimpanga foleni, kwa sababu alijua kukata picha pale pale waimbaji wanapovuta pumzi, na wimbo ukawa na miguu. Alihariri vichekesho vya vijana wa Bunda, na mapigano ya sinema za Mwanza ambamo ngumi ilikuwa haimgusi mtu mpaka ipite mikononi mwake. Alihariri filamu ya kuwafundisha akina mama wa mwaloni, kule mitumbwi inakoshusha samaki, kukausha dagaa, na nyingine ya vumbi la Buhemba na vifua vya wachimbaji. Ukimpa cha kuchekesha, anakuchekesha. Ukimpa cha msiba, hata mwenye studio ya jirani anakuja kusimama mlangoni na kufuta macho.

Lakini alikuwa na sheria moja, na sheria hiyo aliipata mapema. Walikuwa wanaonyesha video ya harusi nyumbani kwa bibi harusi, Bunda, watu wamejaa mpaka madirishani. Mama mmoja aliyekuwa amepika kwenye harusi ile tangu alfajiri alitazama mwanzo hadi mwisho, akasimama, akakung'uta kanga yake. Akasema, "Kumbe mimi sikuwepo." Akaenda zake. Hakugomba, hakununa, aliondoka tu. Clementi alikosa usingizi kwa maneno yale. Tangu hapo kila video iliyotoka mkononi mwake ilikuwa na kipande cha nyuma ya nyumba: masufuria, moshi, wachota maji, mwenye kupepeta mchele. Akiletewa picha zisizo na wapishi, anamrudisha mpiga picha kwa ukali. Alisema hivi: "Mimi nakataga maneno, nakataga muda. Mtu aliyekuwepo simkati." Bunda na Musoma watu wakawa wanatania kwamba video ya Clementi hata mpishi yumo.

Tarehe 8 Oktoba 2005 alifunga ndoa na Marieta, binti wa Suguti. Ndugu wa Suguti mnakumbuka jinsi bwana harusi alivyoacha keki na kwenda kumwelekeza mpiga picha asimame wapi. Kwenye video ya harusi yake mwenyewe Clementi anaonekana mara chache kuliko wapishi, na Marieta hajamsamehe hilo mpaka leo. Mungu aliwajalia watoto wawili, Nathanieli na Miriamu. Mume huyu alikuwa akirudi nyumbani na sato mkononi, anapika mwenyewe, anaimba vibaya. Nyumba ilikuwa na kicheko.

Hapa ndipo kijitabu chenu kinaposema, "Mwaka 2015 marehemu alipitia changamoto za kikazi." Mmesoma? Changamoto! Jamani. Mtu achomwe kisu cha mgongo halafu uandike amepitia changamoto? Mbuke hakuandika neno hilo. Alichoandika ni hiki anachowasomea sasa, na Mama Ghati, uliyekaa hapo karibu na Marieta, hiki ni chako kwanza.

Tarehe 23 Mei 2015 alizikwa Mzee Mniko wa Buhemba, wilayani Butiama. Alikuwa na nyumba mbili, wake wawili. Nyumba kubwa ilikuwa na Benson na wadogo zake, na mama yao alishatangulia. Nyumba ndogo ni ya Mama Ghati na watoto wake wanne, mkubwa wao Rhobi. Kwa ukoo ule, kaburini kila nyumba huitwa kwa zamu yake kutupa udongo, na nyumba iliyoitwa ndiyo inayojulikana kwenye urithi. Siku ile ziliitwa zote mbili. Rhobi alitupa udongo akiwa amemshika mdogo wake mkono. Aliyepiga picha alikuwa Stanslaus, ambaye wakati huo alikuwa fundi wa pili pale Mukendo, kafundishwa kila kitu na kaka yake. Clementi aliihariri video ile, ikakamilika, nyumba zote zimo na wapishi wamo. Kisha akaitwa Mwanza kwenye sinema, akamwachia Stanslaus atoe diski.

Benson akaja studio. Benson alikuwa na duara, shimo la kuchimba dhahabu, Buhemba, na nusu ya kijiji ilikuwa inachimba kwake. Akamwambia Stanslaus, "Mura, kijana, hii ni ndefu mno. Punguza pale kwa yule mama. Ni mambo ya ukoo wetu, wewe hayakuhusu." Stanslaus akapunguza. Kwa nini? Mbuke amejiuliza miaka yote hii. Labda alifurahi tu kwamba mtu mkubwa kamjia yeye badala ya kaka yake. Akamwondoa Mama Ghati. Akamwondoa Rhobi na wadogo zake. Mwishoni akaacha maandishi yale yale ya siku zote: Uhariri, Clementi Makoye.

Julai ukoo ulipokaa kuanua matanga, wazee waliotoka Sirari na ng'ambo ya mpaka, ambao hawakuwahi mazishi, waliomba kuona video. Ikawekwa. Nyumba moja inatupa udongo, nyingine haipo. Waliokuwepo kaburini wakatazama chini, maana kesho yake walitakiwa kushuka kwenye duara la Benson. Mama Ghati aliposimama kudai boma lake na mashamba ya wanawe, akajibiwa, "Hata kwenye video hamumo." Akaondoka na watoto wanne kurudi kwa kaka zake. Rhobi akaacha shule kidato cha pili.

Wiki iliyofuata Mama Ghati alikuja Mukendo. Mbuke alikuwepo, alikuwa amekuja Musoma kufuata mzigo wa vitenge na kumletea mdogo wake chakula. Mama yule hakupiga kelele. Alisema tu, "Clementi mwanangu, sisi tulikukosea nini?" Clementi hakuelewa. Akaichukua diski aliyokuja nayo, akaiweka kwenye mashine, akaitazama yote amesimama. Ilipokwisha alisema neno moja: "Wapishi." Hawakuwemo. Stanslaus alikata haraka, akakata na wapishi. Mtu yeyote aliyewahi kuona kazi ya Clementi angetazama video ile na kujua si yake. Angejua! Kwaya zingejua, makanisa yangejua, ninyi mliokaa chini ya turubai hili mngejua. Lakini nani alijisumbua?

Mama Ghati alipotoka, Stanslaus aliitwa. Akaanza kulia kabla hajaulizwa. "Kaka, nilifikiri ni kupunguza urefu tu. Sikujua watanyang'anywa." Clementi akamuuliza picha zenyewe ziko wapi. Zilikuwa zimefutwa, na kadi za kamera zimeshatumika kupigia harusi nyingine. Hata ile video aliyoikamilisha yeye haikuwepo tena kwenye kompyuta. Mbuke alitaka kumkimbilia Mama Ghati barabarani amwambie ukweli. Clementi akamshika mkono. "Dada, acha. Atasema mwenyewe. Nikimsema mimi, nitakuwa nimemtupa."

Akapanda gari kwenda Buhemba peke yake. Akawaambia wazee wa ukoo kwamba video ile imekatwa, kwamba yeye aliiona nzima, na nyumba zote mbili zilitupa udongo. Wakamuuliza, "Nani aliikata?" Akajibu, "Studio ni yangu." Basi. Wakasema mwenyewe amekiri, na sasa anataka kugeuza kwa kuwa huenda nyumba ndogo nayo imempa chochote. Benson akacheka mbele yake. Mbuke aliposikia alimgombeza Clementi mpaka sauti ikakauka. Alimwita mjinga, na leo mbele ya jeneza lake anarudia: Clementi, kwa hilo ulikuwa mjinga. Ulimbeba mtu mzima mgongoni.

Kuanzia hapo Musoma wakampa jina, Clementi Mkata-Watu. Kwaya zikahama. Waliotaniana naye kuhusu wapishi wakawa wakimwona Mukendo wanavuka barabara. Kazi zikabaki za mbali, Mwanza na kwingineko, na huko alifanya mambo makubwa ambayo hamtayajua kamwe, kwa sababu hakukubali jina lake liwekwe. Sinema tano, filamu za mafunzo, vichekesho mnavyoangalia kwenye simu zenu na kugaragara kwa kicheko, zote bila jina. Marieta alipomuuliza kwa nini anajinyima, alisema, "Jina langu limebaki Buhemba. Likirudi nitaliweka." Na kila mwaka, kabla ya Krismasi, alimtembelea Mama Ghati. Alibeba mchele na sukari, alikaa, alizungumza habari za mvua, akaondoka. Hakujitetea hata mara moja. Alikuwa anangoja mdogo wake aseme.

Na mdogo wake alikuwa wapi? Alikuwa anaendelea vizuri, asante. Alifungua studio yake Bunda mwaka 2017. Ilikuwa na wateja wengi, wakiwemo wale waliomkimbia kaka.

Mwaka 2022 Clementi alianza kuvimba miguu. Vipimo vilionyesha figo. Alisafishwa damu Mwanza kwa miaka miwili na zaidi, Marieta akiwa kando yake kila safari, na hata huko alikuwa anahariri kwa kompyuta ndogo akiwa amelazwa, mkono mmoja una mpira wa damu. Mwezi Januari mwaka huu hali ilibadilika, akalazwa Musoma. Stanslaus alikuja. Clementi akamuuliza, "Stani, utasema?" Stanslaus akamshika miguu. "Nitasema kaka. Ukipata nafuu tunaenda wote Buhemba." Marieta alisikia, Mbuke alisikia. Clementi alitabasamu, na usiku huo alikula. Alifariki Jumanne tarehe 11 Februari 2025 saa kumi na moja alfajiri, akiwa na umri wa miaka arobaini na minane. Nafuu haikuja, na Buhemba hawakwenda.

Juzi familia ilikaa. Mbuke alisoma alichoandika, yote haya. Stanslaus aliinamisha kichwa, akasema mbele ya baba wadogo wote, "Acha kama kilivyo, dada. Na nitasimama mwenyewe nimwombe Mama Ghati msamaha." Jamani, Mbuke alilia. Alimkumbatia. Alisema moyoni kwamba Clementi hakungoja bure. Na kwa kuwa Stanslaus ndiye mwenye studio na anawajua watu wa uchapaji Bunda, akapewa maandishi ayapeleke. Asubuhi hii vijitabu vikafika, karatasi nzuri, picha ya rangi. Mbuke akafungua. Buhemba haipo. Mama Ghati hayupo. Pale walipokuwepo pamewekwa neno changamoto.

Amekata tena. Mtu yule yule, mkono ule ule, na safari hii kamkata kaka yake akiwa ndani ya jeneza.

Mama Ghati, umesikia. Jana ulipofika Mbuke alikuuliza umekujaje kwenye msiba wa mtu unayeamini alikufukuzisha kwenye boma lako. Ulisema, "Mtu mbaya hujiteteaga. Huyu alikuwa anakuja ananyamaza. Nimekuja kuzika ule unyamavu." Mbuke alitamani kukwambia pale pale, akajizuia kwa sababu aliahidiwa kwamba leo utaambiwa na mwenyewe. Sasa umeambiwa na Mbuke. Clementi hakumkata mwanao hata mmoja. Aliwaona wote wakitupa udongo na aliwaacha wote waonekane. Na Rhobi, ambaye tangu jana yuko nyuma ya nyumba hii anapika chakula mtakachokula, mwiteni naye aje asikie.

Marehemu ameacha mama yake mzazi, Kabula. Ameacha mjane, Marieta, na watoto wawili, Nathanieli na Miriamu. Ameacha dada, Mbuke. Chrispin, wewe unayetupiga picha leo ulijifunza kwake, kwa hiyo hutahitaji kukumbushwa: nenda nyuma ya nyumba, wachukue wapishi wote, sura zao zionekane. Halafu rudi hapa. Marehemu ameacha pia mdogo wake mmoja, Stanslaus Makoye Maige, aliyekaa safu ya pili mwenye shati jeupe. Wako watakaokuja kukuomba umtoe kwenye video hii, na huenda akaja mwenyewe. Usimkate. Alikuwepo.

Clementi mdogo wangu, jina lako limerudi kutoka Buhemba. Lala nalo.